Jacques Anquetil: Bingwa wa baiskeli aliyekiri pufya bila kuomba msamaha

Ukipita mtaani wikendi, iwe ni Umoja, Kayole ama Donholm, hutakosa kukuta vijana wanne wamezingira simu moja wakitazama filamu za makala kuhusu michezo. Zile za baiskeli zina mtindo wake. Mzee aliyestaafu ameketi kitini, taa imemlenga usoni, sauti imeshuka, anasimulia vile alidungwa sindano hotelini usiku ili asubuhi apande mlima kama mtu mwenye mabawa. Lance Armstrong wa Marekani ndiye maarufu zaidi kwa hayo. Alipokonywa mataji saba ya Tour de France mwaka 2012, akakiri kwenye televisheni mwanzoni mwa 2013, na baadaye akarudi mbele ya kamera kueleza zaidi. Yeye na wenzake wengi wa kizazi chake walifungua mdomo wakati walikuwa wamebanwa kwenye kona.

Kuna jamaa aliyewatangulia wote hao. Alisema mapema, akiwa bado anashindana, na hakuangusha chozi hata moja. Jina lake ni Jacques Anquetil, Mfaransa, na alifariki mwaka 1987, kabla wengi wenu mnaosoma hapa hamjazaliwa. Ndiye mtu wa kwanza kushinda Tour de France mara tano. Ili upate kipimo: Chris Froome, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1985 na kufunzwa baiskeli na David Kinjah kule upande wa Kikuyu, ameshinda nne. Moja tu imemzuia kufikia hesabu ya huyu msee.

Basi tuanze mwanzo.

Anquetil alizaliwa tarehe 8 Januari 1934 huko Mont-Saint-Aignan, karibu na mji wa Rouen, kaskazini mwa Ufaransa. Baba yake alikuwa mwashi, mtu wa mjengo. Baadaye familia ikahamia kijiji cha Quincampoix kulima stroberi. Tunda lenyewe ni tamu, lakini kulichuma ni kuinama kutwa nzima hadi mgongo ukatae kunyooka, na kijana Jacques aliifanya kazi hiyo. Alisomea ufundi wa vyuma katika chuo, akaajiriwa kiwandani kwa mshahara mdogo. Alikaa siku 26 tu. Bosi alimnyima ruhusa ya kwenda kufanya mazoezi, naye akachukua koti lake akatoka. Yeyote aliyewahi kusimama langoni Industrial Area alfajiri akingoja kuitwa kibarua anajua uamuzi kama huo una uzito gani, hasa ukiwa na miaka kumi na kitu na nyumbani hawana kitu.

Klabu yake ya kwanza ilikuwa Sotteville, chini ya kocha André Boucher. Mambo yalienda kasi sana. Mwaka 1952 alikuwa kwenye kikosi cha Ufaransa kilichopata shaba ya timu katika Olimpiki ya Helsinki. Mwaka uliofuata, akiwa na miaka 19, alishinda Grand Prix des Nations, mbio za takriban kilomita 140 ambazo kila mtu anaendesha peke yake akishindana na saa.

Hapa lazima nieleze kidogo. Kama umewahi kuendesha baiskeli pale Outering Road ukajificha nyuma ya lori, unajua vile upepo hupotea na miguu ikawa myepesi ghafla. Katika mbio za kawaida za baiskeli, waendeshaji hujificha hivyo nyuma ya wenzao. Katika mbio za saa huna pa kujificha. Ni wewe, upepo na maumivu yako. Anquetil alikuwa mfalme wa hapo. Alilala juu ya baiskeli mgongo ukiwa bapa, uso umetulia kama wa mtu anayesoma gazeti, na miguu inazunguka tu. Mbio hizo za Nations alizishinda mara tisa. Mwaka 1956, katika uwanja wa Vigorelli mjini Milan, Italia, aliweka rekodi ya dunia ya saa moja, yaani umbali ambao mtu anaweza kwenda kwa dakika 60. Alienda kilomita 46.159. Kwa wastani huo angetoka Kayole hadi katikati ya jiji na matatu ingebaki inangoja abiria.

Mwaka 1957 alishinda Tour de France yake ya kwanza, akiwa na miaka 23. Kisha akashinda 1961, 1962, 1963 na 1964. Ile ya 1961 alivaa jezi ya njano ya kiongozi siku ya kwanza na hakuivua hadi Paris. Aliongeza Giro d'Italia mara mbili, 1960 na 1964, na Vuelta ya Uhispania 1963, akawa wa kwanza kuzoa zote tatu kubwa. Mkewe, Janine, alikuwa mke wa daktari wake kabla hajamwacha na kuolewa naye mwaka 1958. Ndiye aliyemwendesha kwa gari usiku kucha kutoka mbio moja hadi nyingine.

Hizo safari za usiku zishike vizuri, kwa sababu hapo ndipo stori yetu ilipo.

Watu wengi hudhani waendeshaji wa zama zile walitajirika kwa kushinda Tour. Ganji ilikuwa kwingine. Baada ya Tour kuisha, kila mji mdogo wa Ufaransa na Ubelgiji uliandaa mbio zake za kuzunguka mitaa, na waandaaji walilipa mastaa ili waonekane. Leo uko kusini, kesho kaskazini, keshokutwa mashariki. Unamaliza mbio jioni, unaingia kwenye gari, unafika alfajiri, unalala saa mbili, unapanda baiskeli tena. Ukikosa kufika hulipwi. Ukifika umechoka ukabaki nyuma, mwaka ujao hawakuiti. Mshahara wa timu peke yake haukutosha kujenga nyumba.

Kwenye pengo hilo ndipo vidonge viliingia. Amfetamini ilitumiwa sana na wanajeshi na marubani katika Vita vya Pili vya Dunia ili wasisinzie. Vita vilipoisha, dawa ilibaki madukani, na waendeshaji baiskeli wakaikaribisha. Haikupi nguvu mpya. Inachofanya ni kuzima kengele mwilini inayokuambia umechoka. Moyo unaenda mbio, joto linapanda, njaa inapotea, usingizi unakimbia, na wewe unajihisi poa. Mtu wa kwetu anaweza kuifikiria kama dereva wa usiku anayetafuna muguka huku akishushia kinywaji cha kuongeza nguvu ili afike Malaba bila kufumba macho, ila hii ni kali mara nyingi zaidi. Kengele imezimwa, lakini moto bado unawaka ndani ya nyumba.

Kabla ya Anquetil, kulikuwa na Fausto Coppi wa Italia, bingwa mkubwa wa miaka ya 1940 na 1950. Inasimuliwa kwamba alipoulizwa kuhusu vidonge alijibu kwa mzaha kwamba huvitumia panapohitajika tu, kisha akaongeza kwamba panahitajika karibu kila mara. Watu wakacheka. Hakukuwa na sheria iliyovunjwa.

Turudi kwa Anquetil, mwaka 1964, maana Tour ya mwaka huo ni filamu tosha. Siku ya mapumziko ilikuwa Andorra. Mtabiri mmoja alikuwa ametangaza gazetini kwamba bingwa angepatwa na balaa mbaya, na Anquetil, ambaye aliamini mambo hayo zaidi ya alivyopenda kukiri, aliingiwa na hofu. Wenzake wakaenda mazoezini. Yeye akaenda kwenye choma, mwanakondoo mzima juu ya moto, na akakunywa. Kesho yake mlima wa kwanza ulimkomesha. Alifika kileleni dakika kadhaa nyuma ya wapinzani, uso umekuwa kijivu. Kisha akateremka katikati ya ukungu kama mtu asiye na cha kupoteza, akafuta pengo lote. Hebu fikiria: jana nyama choma, leo unakimbiza wenzako kwenye ukungu usioona mita ishirini mbele.

Siku chache baadaye, tarehe 12 Julai, akakutana na Raymond Poulidor kwenye mlima wa Puy de Dôme. Poulidor alikuwa mtoto wa shamba pia, mkarimu, mwenye tabasamu, na Wafaransa walimpenda kupita kiasi kwa sababu hakuwa na bahati. Maisha yake yote hakuwahi kuvaa jezi ya njano hata siku moja. Siku hiyo wawili hao walipanda bega kwa bega, kihalisi, wakigusana viwiko, umati umejaa pande zote. Anquetil alikuwa ameishiwa kabisa. Lakini alibaki kando ya Poulidor badala ya nyuma yake, ili mwenzake aamini kwamba bado ana nguvu. Poulidor aliamini kwa muda mrefu mno. Aliposhambulia, barabara iliyobaki ilikuwa fupi. Anquetil alipoteza sekunde 42 na kubaki mbele kwa sekunde 14 kwenye jumla. Aliifikisha jezi Paris kwa tofauti ya sekunde 55.

Mashabiki walimpigia makofi Poulidor. Bingwa alizomewa. Hilo lilimuuma, na nadhani ndilo lililompa tabia ya kutojali watu wanasema nini.

Mwaka 1965 alifanya kitu ambacho hadi leo kinatajwa kwa mshangao. Alishinda mbio za siku kadhaa za Dauphiné kwenye milima ya kusini mashariki. Jioni hiyohiyo akapanda ndege hadi Bordeaux, ng'ambo ya nchi, na usiku wa manane akaanza mbio za Bordeaux–Paris, zaidi ya kilomita 550 kwa mkupuo mmoja. Njiani alitaka kuacha. Meneja wake, Raphaël Géminiani, alimchokoza hadi akakasirika na kuendelea. Akashinda hizo pia. Hajalala.

Sasa jiulize, alifanyaje? Ndilo swali ambalo serikali ya Ufaransa ilikuwa imeanza kuuliza. Mwezi Juni mwaka huohuo nchi hiyo ilipata sheria iliyofanya matumizi ya vichangamshi michezoni kuwa kosa la kushtakiwa kortini. Waziri wa michezo alikuwa Maurice Herzog, ambaye mwaka 1950 alikuwa amepanda mlima Annapurna huko Nepal na kupoteza vidole kwa baridi, kwa hivyo huwezi kusema hakujua mwili wa mwanamichezo ukifika ukingoni unakuwaje.

Mwishoni mwa Juni 1966 wapimaji waliingia hotelini Bordeaux wakati wa Tour. Mtu wa kwanza kutoa mkojo alikuwa Poulidor, ndiyo, Poulidor yule yule, na alitoa bila maneno mengi. Kesho yake kundi zima lilishuka kwenye baiskeli nje kidogo ya mji na kutembea kwa miguu huku wakipiga kelele za kupinga. Ulikuwa mgomo, na Anquetil alikuwa miongoni mwa sauti kubwa.

Mwaka huohuo wa 1966 alishinda Liège–Bastogne–Liège, mbio ngumu za Ubelgiji, na hakujitokeza kupimwa. Wakamfutia ushindi, kisha wakamrudishia. Septemba 1967, akiwa na miaka 33, alirudi Vigorelli na kuweka rekodi mpya ya saa, kilomita 47.493. Daktari akamwendea na chupa pale pale uwanjani. Anquetil akakataa kukojoa kwenye kijichumba mbele za watu, akasema daktari aje hotelini. Wakabishana. Mkojo haukutolewa na rekodi haikuandikwa vitabuni. Mwezi mmoja tu baadaye Mbelgiji Ferdi Bracke akapita kilomita 48 mjini Roma, na ule umbali wa Anquetil ukabaki hewani.

Hapa kwetu stori ya kukataa kipimo si ngeni. John Ngugi, bingwa wa Olimpiki wa mita 5,000 mwaka 1988 na mshindi mara tano wa mbio za nyika duniani, alifungiwa mwaka 1993 baada ya kukataa kupimwa. Adhabu ilikatizwa baadaye, lakini miguu yake haikurudi ilivyokuwa. Kukataa kipimo huhesabiwa karibu sawa na kupatikana na dawa, na ukiwa mwanariadha chipukizi ni vizuri ulijue hilo kabla mtu hajabisha mlango.

Lakini tofauti ni hii: Anquetil hakukataa kisha akajidai malaika. Alieleza. Mwaka 1967 gazeti moja la Ufaransa lilichapisha maneno yake akikubali kwamba hutumia dawa, na kwamba wenzake pia hutumia. Kwenye mjadala wa televisheni na mwanasiasa wa serikali alisema, kwa maana, kwamba ni mjinga tu anayeweza kufikiri mtu ataendesha kutoka Bordeaux hadi Paris kwa maji matupu. Fikiria bingwa wa taifa akiyasema hayo enzi ambazo familia nzima, kuanzia nyanya hadi mtoto, ilikuwa imekaa mbele ya televisheni moja. Hapakuwa na wakili kando yake wala muziki wa huzuni kama kwenye filamu za leo.

Hoja yake ilikuwa hivi, na tuipe haki yake. Mwendeshaji baiskeli ni mfanyakazi. Anaendesha zaidi ya siku 200 kwa mwaka, kwenye mvua, theluji na jua kali, kwa sababu waandaaji, magazeti na makampuni wamepanga ratiba hivyo na wanavuna pesa. Mwigizaji akimeza kidonge kabla ya kupanda jukwaani, au mwalimu akinywa kahawa kikombe cha nne, hakuna polisi anayemdai mkojo. Kwa nini huyu peke yake? Mnataka aende kasi, mnataka alale kwenye gari, mnalipa akishinda tu, halafu mnashangaa. Punguzeni kilomita kwanza.

Mtu wa Eastlands akisikia hivyo anaweza kutikisa kichwa kukubali. Tunajua watu wanaofanya zamu mbili mfululizo kwa sababu kodi ya nyumba haingoji, na hakuna anayeuliza wanakaaje macho. Tunauliza tu gari likianguka. Kuhusu unafiki wa wakubwa wa michezo, Anquetil alikuwa sawa kabisa. Rais Charles de Gaulle mwenyewe, inasimuliwa, alipoletewa suala la dawa alijibu kwa kuuliza kama jamaa huyo hakufanya wimbo wa taifa upigwe ugenini. Mwaka 1966 serikali hiyohiyo iliyokuwa inataka mkojo ikampa nishani ya heshima.

Tatizo ni kwamba nusu nyingine ya ukweli hakuisema, na nusu hiyo ilikuwa tayari imelala chini mlimani.

Tarehe 13 Julai 1967, Tour ilikuwa inapanda Mont Ventoux, mlima mweupe wa mawe kusini mwa Ufaransa, jua linachoma. Anquetil hakushiriki mwaka huo. Tom Simpson wa Uingereza alikuwepo. Mtoto wa mchimba makaa ya mawe, alikuwa Mwingereza wa kwanza kuvaa jezi ya njano, mwaka 1962, na bingwa wa dunia wa 1965. Alikuwa na miaka 29, ana familia, na alihitaji matokeo mazuri ili apate mkataba mnono mwaka ujao. Karibu na kilele alianza kuyumba, akaanguka, akainuliwa, akaendesha kidogo, akaanguka tena. Hakuinuka. Uchunguzi ulipata amfetamini na pombe mwilini, juu ya lile joto na uchovu. Mifukoni mwa jezi yake kulikuwa na vichupa vya vidonge. Kengele ilikuwa imezimwa, na nyumba ikaungua.

Mimi naona hivi. Anquetil alipokuwa akitetea uhuru wa kuchagua, alikuwa anaongea kutoka kileleni. Alikuwa na kipaji ambacho pengine kingeshinda hata bila vidonge, madaktari wa kumwangalia, na jina ambalo waandaaji walilipia hata akiwa mgonjwa. Kwake, kidonge kilikuwa uamuzi. Lakini bingwa akishasema hadharani kwamba bila dawa haiwezekani, yule kijana wa miaka 19 aliyeingia timu jana hana tena uamuzi wa kufanya. Ameambiwa bei ya kiingilio. Asipolipa anarudi kwenye stroberi. Akilipa, analipa bila daktari, kwa dozi ya kukisia, akifuata alichoambiwa na mwenzake chumbani.

Hali ndivyo ilivyo kwenye riadha yetu, ingawa dawa zimebadilika. Siku hizi ni EPO, inayoongeza chembe nyekundu za damu ili misuli ipate oksijeni zaidi, na damu ikizidi kuwa nzito moyo unafanya kazi ya kusukuma uji. Rita Jeptoo, mshindi wa Boston na Chicago, alipatikana nayo mwaka 2014. Bunge likapitisha sheria ya kupambana na pufya mwaka 2016, mwaka wa Olimpiki ya Rio, na shirika la ADAK likapata meno. Tangu hapo orodha ya waliofungiwa imekuwa ndefu, na wengi ndani yake si mastaa. Ni watu ambao hujawahi kusikia majina yao, waliokuwa wakitafuta mbio moja ndogo ya Ulaya iwalipie shamba. Na maelezo ya kawaida utayasikia: nilikuwa mgonjwa, nilidungwa kliniki, sikujua. Mengine huwa ni kweli. Lakini sijamsikia bingwa wetu akiketi, akiwa bado juu, kueleza ratiba, mameneja, pesa na nani aliyeleta sindano. Anquetil, pamoja na kiburi chake chote, alifika nusu ya safari hiyo.

Na hata hapa mtaani, kwenye jimu za kona na viwanja vya vumbi, kuna vijana wanaouziwa poda na vidonge visivyo na lebo, na muuzaji hakosi kukuambia kwamba kila mtu anatumia. Ni sentensi ileile ya mwaka 1967. Kuwa kweli hakuiondolei sumu.

Anquetil aliacha mashindano mwishoni mwa 1969. Alinunua jumba lenye shamba kubwa karibu na Rouen, akafuga, akalima, akaendesha trekta usiku kwa raha zake. Alisemekana kuchukia baiskeli, karibu asiiguse tena, jambo ambalo halinishangazi sana. Nyumbani mambo yalikuwa na mafundo yasiyofunguka kirahisi. Janine hangeweza kuzaa tena, na Anquetil alizaa mtoto wa kike na binti wa kambo, yaani binti wa Janine, wote wakiishi ndani ya jumba hilo. Mtoto huyo alipokua aliandika kitabu kuhusu maisha hayo mwaka 2004. Baadaye Anquetil alipata mtoto wa kiume na mwanamke aliyekuwa mke wa mwana wake wa kambo. Sitaongeza neno hapo.

Kazi yake ya pili ilikuwa kuongea. Alichambua mbio redioni, kwenye televisheni na magazetini kwa miaka mingi, na akasimamia timu ya taifa ya Ufaransa. Suala la dawa lilipotajwa hakubadili wimbo. Hakusema alijuta na hakuwataja wenzake kwa majina ili ajisafishe.

Mwaka 1987 aligunduliwa kuwa na saratani ya tumbo. Alifanya kazi ya kutangaza Tour ya mwaka huo akiwa na maumivu, kisha akafanyiwa upasuaji. Wapo waliokimbilia kusema ni vidonge vya ujanani vilivyomrudia, lakini hakuna aliyewahi kuthibitisha, na saratani ya tumbo huwapata hata watu ambao hawajawahi kukalia baiskeli.

Yule Poulidor, aliyegusana naye viwiko Puy de Dôme, alikuwa amegeuka kuwa rafiki wa karibu baada ya wote kustaafu. Walicheza karata pamoja. Inasimuliwa kwamba wakati wa mwisho Anquetil alimtania kwamba hata safari hii atamwacha nafasi ya pili. Alifariki Rouen tarehe 18 Novemba 1987, akiwa na miaka 53, akazikwa Quincampoix, kijiji cha stroberi. Poulidor alifuata Novemba 2019, akiwa na miaka 83.